"Kupelea mizabibu" ni kufanya nini hasa?

Mwalimu wa Hombolo

Wakuu, heshima kwenu. Wajuzi wa lugha na wakulima, naomba mnisaidie neno moja lililonigharimu Jumamosi nzima na toroli kumi na nne za samadi.

Mimi ni mtu wa Tanga, nafundisha huku Dodoma mwaka wa sita sasa, na nimeoa Hombolo. Mwaka jana baba mkwe, mzee wa Kigogo aliyevuka themanini, alitukatia nusu eka ya mizabibu yake, akasema miguu imechoka, sasa tuhangaike nayo wenyewe. Ni ile Makutupora nyekundu, imekwishazaa miaka mingi, imelazwa kwenye nguzo na waya. Mimi na mzabibu tulikuwa hatujuani. Kwetu najua mnazi, mchungwa, na mkonge wa watu.

Basi Jumamosi asubuhi mzee akapiga simu. Baada ya mbukwenyi, salamu ya Kigogo, na habari za wajukuu, akasema: "Ile mistari ya kule juu haijapelewa, na wakati unapita. Leo pelea." Nikaitika, "Ndiyo, baba." Mkwe hamuulizi mkwewe mara mbili, nyie mnajua.

Nikakaa kwenye kigoda nikatafakari. Haijapelewa, yaani haijapelekewa. Haijapelekewa nini? Rundo la samadi lilikuwa uani linanitazama. Hesabu ikakubali. Nikatafuta vijana wawili, tukasukuma toroli mpaka mikono ikatoka malengelenge, tukamwaga shina kwa shina, mistari yote ya juu. Nikajiona mkulima.

Saa tisa mzee akafika amepakiwa kwenye baiskeli na mjukuu, mkasi wa kupogolea ameufunga kwenye kitambaa. Akaitazama samadi. Akayatazama matawi yalivyoshikana juu ya waya, hata jua halipiti. Akanigeukia, wala hakupandisha sauti: "Mwalimu, mizabibu umeilisha. Mimi nilisema uinyoe."

Kumbe kupelea ni kupogoa!

Sasa nauliza. Kwetu Tanga kupelea ni kupungua, kutofikia kiasi. Mama akionja mchuzi anasema "chumvi imepelea", anachota nyingine. Neno ni hilo hilo au ni mawili yanafanana sura? Na kwa nini mzee asiseme kupogoa kama wanavyosema maafisa ugani wote? Shuleni kwetu nimeuliza walimu wanne wa Kiswahili. Watatu wamecheka, mmoja kasema nimekosea kusikia.

Kahawa Chungu

Pole sana mkuu, ila nimecheka mpaka chai imemwagika. Mimi ni mtu wa Moshi, nimezaliwa ndani ya kihamba, shamba la nyumbani la Wachaga. Kahawa tunapogoa, maotea tunayaondoa, migomba tunapunguzia majani. Kupelea sijapata kulisikia maisha yangu yote, si kwa mkahawa, si kwa mparachichi. Nadhani mzee kalitunga, au ni Kigogo kimechanganyika. Wazee wakishafika umri huo wana Kiswahili chao.

Samadi usijutie. Shina halijui kwamba ulikosea.

Mwana wa Bamvua

Mwalimu, hilo neno mzee kalikata herufi. Ni *kupwelewa*. Huku Mombasa maji yakipwa, mashua ikabaki juu ya mchanga, twasema imepwelewa. Mizabibu iliyoachwa bila kutunzwa imebaki kama chombo kilichoachwa na maji. Kwa hivyo "haijapelewa" maana yake haijaachwa ukiwa. Au vipi?

Kahawa Chungu

Lakini ndugu yangu, mzee kasema "leo pelea". Alikuwa anamwambia mwalimu leo apande mchangani?

Mhariri Mstaafu

Nimesahihisha miswada miaka mingi kabla macho hayajachoka, na neno hili nimekutana nalo. Mzee hakutunga, hakukata herufi, na si Kigogo.

Mwalimu, kama una Biblia ya Union nyumbani, ile iliyotoka mwaka 1952, fungua Walawi sura ya 25, mstari wa 3 na wa 4. Pale Waisraeli wanaambiwa walime na kuitunza mizabibu yao miaka sita, na mwaka wa saba nchi ipumzike. Katika katazo la mwaka huo wa saba utaliona neno lenyewe: *usipelee*. Kisha nenda Isaya sura ya 5, kwenye ule wimbo wa shamba la mizabibu lililozaa zabibu mwitu. Mwenye shamba anakasirika, anaapa kubomoa ukuta wake, na shamba lisipelewe tena wala kulimwa, liote mbigili na miiba. Hapo maana haina ubishi. Ni kukata matawi ya mzabibu ili uzae.

Ndugu wa Bamvua, kupwelewa ni neno zuri na umelieleza sawasawa, lakini ni la ukoo mwingine. Limetoka kwenye *kupwa* kwa maji, na ile w yake haidondoki ovyo. Halafu chombo ndicho kinachopwelewa, hakuna mtu anayekipwelea.

Kuhusu chumvi ya mama yako, hapa ndipo penye utamu. Ukitaka kujua kama maneno mawili yanayofanana ni neno moja, yape kazi uone yanavyobeba. Chumvi imepelea. Kitambaa kimepelea, hakitoshi shati la mikono mirefu. Pesa zimepelea. Sawa. Sasa jaribu kusema "mama ameipelea chumvi". Hapana, haikai. Kitenzi hicho hakitaki mtu wa kukitenda, kitu kinapelea chenyewe. Lakini kitenzi cha Walawi kina mtendaji kabisa: mtu anaipelea mizabibu, na mizabibu inapelewa. Kwa hiyo mimi ningeyaandika kwenye kamusi kama vidahizo viwili, cha kwanza na cha pili. Najua wapo watakaosema aliyepogoa amepunguza, na kilichopungua kimepelea, basi ni neno moja. Ni hoja ya kupendeza kwenye kahawa, lakini sarufi haiibebi.

Jambo la pili. Kupogoa ni kwa mti wowote: mkorosho, mkahawa, hata mwarobaini ulioziba dirisha. Kupelea, kila mahali nilipokutana nalo kwenye maandishi, lilikuwa limeandamana na mzabibu. Tafsiri za siku hizi zinapendelea kupogoa, na ndiyo maana walimu wako wanne hawalijui. Si kosa lao.

Na ukiwa bado umeishika hiyo Biblia, soma Yohana 15. "Mimi ndimi mzabibu wa kweli, na Baba yangu ndiye mkulima." Utatarajia kupelea pale, hulikuti. Tawi lizaalo "hulisafisha". Wapo waliolalamika kwamba tawi halisafishwi, linakatwa. Lakini Kigiriki chake kina kitenzi kimoja chenye kubeba usafi na upogoaji kwa pamoja, na mstari unaofuata unasema "ninyi mmekwisha kuwa safi". Wangeweka kupelea pale juu, kamba inayounganisha mistari hiyo miwili ingekatika. Wafasiri walijua walichokuwa wanafanya.

Kahawa Chungu

Nimefungua Walawi. Lipo. Naondoa maneno yangu, mzee anisamehe.

Mwalimu wa Hombolo

Mzee mhariri, shikamoo. Umenifungua macho.

Leo nimetoka shambani naye, tumepelea (sasa naliandika kwa kujidai) mistari minne. Nilibeba simu nirekodi, ila mikono ilikuwa na kazi, kwa hiyo nasimulia kwa kichwa.

Kwanza hakati. Anasimama mbele ya shina, anashika tawi moja, anapitisha kidole gumba kutoka chini kwenda juu anahesabu macho, yaani pale panapochipukia matawi mapya. Moja, mbili. Juu kidogo ya jicho la pili anauinamisha mkasi, anakata mshazari, maji ya mvua yasituame kwenye kidonda. Tawi lililobaki ni fupi kuliko kidole changu cha shahada. Nilimwona anaua mmea. Shina lililokuwa na nywele kama simba dume likabaki fimbo yenye vichokoo. Baada ya dakika chache pale alipokata pakajitokeza tone, likaning'inia, likadondoka, likaja jingine. Nikamwonyesha. Akasema maji hayo ni mazuri, mizizi iko macho.

Kisha akaja kwenye vile vikonyo vinavyojisokota kwenye waya kama nyaya za simu za zamani. Vilivyokauka ni vigumu, mkasi unateleza. Hivyo alivivunja kwa vidole, ta, ta, ta, huku anaongea mambo mengine.

Nikamuuliza kwa nini tunafanya hivi mara mbili kwa mwaka. Afisa ugani aliwahi kunieleza kwamba Ulaya baridi ndiyo inayoupukutisha mzabibu na kuulaza. Huku Dodoma hakuna baridi ya kuulaza, ukiuachia unaendelea kutoa majani tu, kwa hiyo mkasi ndio unaouambia anza upya. Ndiyo maana tunavuna mara mbili, mwanzoni mwa mwaka na tena kwenye Agosti na Septemba. Mzee akaniambia jambo lile lile kwa ufupi: "Bila kupelea, utauza majani."

Karafuu na Mvua

Mwalimu, natokea Pemba, napita tu. Hapo kwenye vikonyo umenigusa. Kwetu kikonyo ni kile kijiti kinachoshika tunda au ua. Kwenye karafuu ndiyo makonyo: tukishachuma tunakaa ukumbini usiku tunachambua, karafuu huku, makonyo kule. Wala hayatupwi, Wawi kuna kiwanda kinayakamua mafuta. Sasa wewe unaita kikonyo kile kinachojisokota?

Mhariri Mstaafu

Nyote mko sawa. Kikonyo ni kijiti cha tunda, na pia ni kile kijikamba cha mmea utambaao, kinachoshika fito na waya. Mkulima wa zabibu anavyo vyote viwili kwenye tawi moja: kikonyo kinachobeba kichala na kikonyo kinachoshika waya. Na kitenzi *kukonyoa*, kuvunja kitu kwenye kijiti chake kwa vidole, ndicho hasa alichofanya mkwewe na zile ta, ta, ta. Ungesema "alivikonyoa" ungeokoa wino.

Karafuu na Mvua

Kukonyoa kwetu ni mahindi. Ila nimekubali.

Mwalimu wa Hombolo

Alivikonyoa. Asante.

Sasa sehemu niliyoitaka zaidi. Tulipokaa kunywa maji nikamwambia mzee kwamba neno lake nimeambiwa liko kwenye Walawi na Isaya. Akanitazama kama niliyemwambia kwamba jua liko mashariki. Akasema ndiko alikolitoa.

Anasema alipokuwa kijana, mwalimu wa ibada aliwasomea lile shamba la Isaya, na walipouliza kupelea ni nini, naye hakuwa na jibu la kuwaonyesha, maana hakuna aliyekuwa amewahi kuuona mzabibu. Walijua mtama, uwele na ng'ombe. Mzabibu ulikuwa mti wa kitabuni, kama mwerezi wa Lebanoni. Basi neno likakaa kichwani halina kitu cha kufanya.

Zabibu zililetwa na wamisionari Wakatoliki wa Bihawana, huku huku Dodoma, mwishoni mwa miaka ya 1950. Yeye hakuwa Mkatoliki, lakini alikwenda huko kutafuta kibarua, akapewa mkasi, akaonyeshwa: kata hapa, acha macho mawili. Aliyemwonyesha alitumia maneno ya kwao, na Kiswahili chake kilikuwa "kata, kata". Mzee anasema alipolikata tawi la kwanza alijisemea kimoyomoyo, kumbe ndiyo huku kupelea. Tangu siku hiyo hajawahi kutumia neno jingine. Maafisa ugani walipokuja na kupogoa yeye alikuwa ameshazoea, na watoto wake wote, mke wangu akiwemo, wanasema kupelea. Nimemuuliza mke wangu kwa nini hakunieleza Jumamosi ile. Anasema aliniona nasukuma samadi kwa bidii, akadhani tumekubaliana na baba.

Mhariri Mstaafu

Laiti ungerekodi. Nenda tena na simu, mwalimu, na safari hii mshikishe mtoto.

Mwana wa Bamvua

Mimi nilikuwa nataka tu kusema kuwa kupwelewa pia lina raha zake. Lakini nimenyamaza.

Kahawa Chungu

Na ile samadi je? Mzee alikuambia uizoe?

Mwalimu wa Hombolo

Hapana. Alisema iachwe pale pale, tuichanganye na udongo, ila niisogeze mbali kidogo na shina, nimeibandika kama plasta. Kwa hiyo Jumamosi ijayo narudi na jembe, mistari yote ya juu.