Naomba ushauri: kijana wangu anataka kuacha shule kwa ajili ya AFL

Habari ndugu zangu. Sisi ni Wakongo tunaoishi Melbourne. Kijana wangu anacheza futi, ule mpira wa Waaustralia wenye umbo la yai, katika Coates Talent League, ligi ya vijana ambako klabu za AFL, yaani ligi kuu ya futi, hutafuta vipaji. Mwaka huu anatimiza miaka 18, kwa hiyo anaweza kuchaguliwa kwenye drafti ya Novemba, pale klabu zinapochagua wachezaji wapya kwa zamu. Tatizo, ndio mwaka wake wa mwisho wa sekondari, naye anataka kuacha shule abaki na mazoezi tu. Baba yake anamuunga mkono. Mimi roho inakataa.

Najua asipochaguliwa si mwisho. Marlion Pickett alichukuliwa na klabu ya Richmond katikati ya msimu wa 2019 akiwa na miaka 27, na mechi yake ya kwanza ikawa fainali kuu, wakashinda. (Mwanangu anaijua habari hiyo kuliko hesabu zake!)

Wenye watoto waliopita njia hii, shule na mazoezi mlivipangaje? Na kuna wakala anatupigia simu kila mara: tusaini sasa au tungoje drafti ipite?