Nataka kumshonea mume wangu suruali ya mpira ya kushindia nyumbani, nianzie wapi kukata?

Binti Kibosho

Wakuu habari za jioni. Nina cherehani ya miguu, ile nyeusi ya Butterfly, shangazi aliniachia alipohama. Foronya nashona, mapazia nashona, pindo za shuka nakunja vizuri tu. Sasa nataka kupanda daraja: suruali ya mume wangu ya kushindia nyumbani, ya mpira kiunoni, bila zipu wala mkanda. Kitambaa ninacho, yadi 3 za kitenge kilichobaki kwenye sare ya harusi ya mdogo wake.

Kinachonitisha ni mkasi. Kupiga mstari ulionyooka siogopi, lakini suruali ina lile pinda la katikati ambalo sielewi linakatwaje, na kitenge hiki nikikiharibu sikipati tena.

Mpango wangu ni kuchukua traki yake anayoipenda, niilaze juu ya kitambaa, nichore pembeni, nikate. Jirani ananiambia watu wote wanaanza hivyo. Vipimo vyake: hipsi inchi 42, kiuno 36, urefu kutoka kiunoni hadi kifundoni 41. Naombeni ushauri kabla sijakata.

Kijana wa Ilala

Dada, si uko Moshi wewe? Shuka pale Memorial uchague pajama ya mtumba, urudi nyumbani upike. Utaichosha miguu bure.

Binti Kibosho

Memorial naijua kuliko wewe kaka 😂 Nataka kujua kushona, siyo kuvaa tu.

Fundi wa Makoroboi

Binti, weka mkasi chini kwanza. Traki usiikopi. Traki ni kitambaa cha kuvutika, imekatwa ikijua kwamba mtu akichuchumaa itamfuata. Kitenge hakivutiki hata kidogo. Ukichora traki ukakata kitenge, utapata suruali inayoingia vizuri akiwa amesimama, na siku ya kwanza akiinama kuokota ndoo inapasuka msamba. Wanaoanza wengi wanakwama hapo halafu wanasema suruali ni ngumu.

Ukitaka kukopi, tafuta pajama ya kitambaa, ile isiyovutika. Ivute mpira wake mpaka kiuno kinyooke kabisa, ibane na pini juu ya gazeti, ndipo uchore. Mguu mmoja uingize ndani ya mwenzake ili ule mkunjo wa msamba uuone wote. Na uchore mbele peke yake, nyuma peke yake. Usije ukachora upande mmoja ukadhani nyuma ni hivyo hivyo.

Binti Kibosho

Shikamoo fundi. Pajama ya kitambaa hana, ana traki na kadeti za kazini tu. Na sijaelewa hapo pa mbele na nyuma kutofautiana. Mpira si unavuta pande zote?

Fundi wa Makoroboi

Marahaba. Kadeti nayo iache, ile ina zipu ndiyo maana kiuno chake ni chembamba. Yako haina zipu, kwa hiyo kiuno lazima kiwe kipana kupita hipsi, la sivyo haitapanda. Kutoka hipsi kwenda juu unapandisha mstari wima, huingizi ndani. Kubana ni kazi ya mpira.

Tukate kwa vipimo basi. Chukua karatasi la kaki au ubandike magazeti.

Hipsi 42, ongeza 6 za kupumulia, unapata 48. Robo yake ni 12. Kipande cha mbele unapunguza inchi 1, kinakuwa 11. Cha nyuma unaongeza hiyo 1, kinakuwa 13, maana makalio yako nyuma. Hapo ndipo upana wa hipsi.

Sasa kimo cha msamba. Mwambie mzee akae kwenye kiti kigumu, siyo sofa, mgongo umenyooka. Pima ubavuni kutoka kiunoni hadi kwenye ubao wa kiti, uongeze inchi 1 na nusu. Kwa mwili wa hipsi 42 itacheza kwenye 12 na nusu hivi. Ukishuka kiasi hicho kutoka juu ya karatasi, chora mstari wa kulala. Huo ndio mstari wa msamba.

Kwenye mstari huo, kipande cha mbele kitokeze nje inchi 2, cha nyuma kitokeze inchi 4 na robo. Zile ncha ndizo zinazopita katikati ya miguu. Halafu unganisha ncha na mstari wa juu kwa mkunjo: wa mbele mfupi, wa nyuma mrefu na umelala zaidi. Usikate kona kama ya mraba.

Na jambo ambalo wengi hawaambiwi: katikati ya nyuma, juu kiunoni, pandisha inchi 1 na nusu, halafu uteremke taratibu mpaka ubavuni. Usipopandisha, akikaa suruali inashuka mgongoni na wageni wanaona visivyowahusu.

Chini kwenye mguu, mbele 9, nyuma 10 inatosha. Kote ongeza nusu inchi ya mshono, juu inchi 2 za kupitishia mpira, chini inchi 1 na nusu za pindo.

Mama Wawili Tanga

Fundi umeeleza vizuri ila 6 za kupumulia kwa kitenge naona nyingi. Mimi naweka 4. Zikizidi kiuno kinajaa marinda na mtu anaonekana amevaa shuka.

Fundi wa Makoroboi

Kwa mwembamba sawa, mama. Huyu ni mwanaume wa 42, anashinda nyumbani, anakaa chini. Ya kwanza iwe kubwa. Kubwa inapunguzwa, ndogo hairudi.

Bi Mvita

Mimi niko Mombasa, nashona suruali za kikoi kwa hesabu hizo hizo karibu. La kuongeza, dadangu: hicho kitenge ukiroweke kabla hujakata. Usiku mzima kwenye beseni, uanike, upige pasi. Pamba husinyaa, na ukikishona hakijarowekwa, mwaka hautaisha suruali itakuwa juu ya kifundo. Kikoi ndicho kibaya zaidi kwa hilo, kitenge kina afadhali lakini usikiamini.

Na kama huna hakika ni pamba, chomoa nyuzi chache pembeni uziwashe kiberiti. Pamba huungua kama karatasi, inabaki jivu laini. Ikiyeyuka ikaacha kidonge kigumu cheusi, ni plastiki hiyo. Haisinyai, ila itamchoma kwa joto, na pasi yako iwe ya uvuguvugu.

Binti Kibosho

Nimechoma, ni jivu. Nimeroweka tayari. Bi Mvita ubarikiwe.

Fundi, yadi 3 zitatosha? Upana wa kitenge nimepima inchi 46.

Fundi wa Makoroboi

Zinatosha na chenji inabaki. Hesabu: urefu 41, ongeza 2 za juu, ongeza 1 na nusu za chini, unapata 44 na nusu, na kile kilima cha nyuma kinafika 46. Kata vipande viwili vya inchi 48. Umetumia 96, yadi 3 ni 108, zinabaki 12 za mifuko.

Kwa upana, mbele kwenye msamba ni 13, nyuma ni 17 na robo, weka na mishono, haivuki 33. Kwa hiyo mbele na nyuma vinalala bega kwa bega kwenye kipande kimoja. Vile vipande viwili vibandike uso kwa uso ndipo ukate vyote pamoja, utapata mguu wa kulia na wa kushoto kwa mkasi mmoja. Usipovielekeza uso kwa uso utapata miguu miwili ya kulia.

Mstari wa kati wa mguu uende sambamba na ukingo wa kitenge, ule wenye maandishi. Ukiupindisha, mguu utajizungusha ukifuliwa. Na tazama maua yanaelekea wapi. Kama ni ndege au taa, vyote vichwa juu.

Kijana wa Ilala

Mzee wangu ndege wameingiaje kwenye suruali ya mume wa mtu 😂

Fundi wa Makoroboi

Ulize waliochagua sare.

Binti Kibosho

Ni tausi kwa kweli 🙈 Atavaa tu.

Nina maswali mawili. Nianze kushona wapi? Na sina ovaloki, kingo zitachanika?

Mama Wawili Tanga

Hapo niachieni. Watu wengi wanaanza kuunga mbele kwa mbele, halafu nyuma kwa nyuma, halafu wanamalizia miguu. Inawezekana, lakini kwa anayeanza njia nyepesi ni kumaliza kila mguu kwanza. Ubavu wa nje, kisha wa ndani. Unabaki na mabomba mawili. Bomba moja ligeuze, uso uwe nje. Lingine liache ndani nje. Lile lililogeuzwa liingize ndani ya lingine, uso kwa uso, mshono wa ndani ukutane na mshono wa ndani. Sasa msamba wote uko mbele yako kama herufi U. Anza kiunoni mbele, zunguka, tokea kiunoni nyuma, bila kukata uzi.

Kabla ya cherehani piga bandi kwa mkono, hasa pale mishono inapokutana. Usikivute kitambaa kwenye mkunjo, kinatanuka na msamba unakaa kama mdomo umenuna. Ukimaliza, rudia mshono wa pili pembeni kidogo ya wa kwanza, sehemu ya chini yote ya U. Pale ndipo panapobeba mtu.

Ovaloki: kwenye ubavu piga mshono wa kuficha. Unaweka kitambaa ndani kwa ndani, unashona robo inchi, unapunguza kingo, unageuza, unashona tena kwa uso kwa uso. Nyuzi zinabaki zimefungiwa. Ila uongeze robo inchi nyingine ya mshono wakati wa kukata. Kwenye msamba usijaribu hiyo, mkunjo utakukatalia. Msamba peleka kwa fundi yeyote wa jirani mwenye mashine ya ovaloki, atakupitishia kwa hela ndogo.

Mshona Mifuko

Mimi naongezea upande wa mashine maana nimeona wengi wanailaumu cherehani bure. Sindano namba 14 kwa kitenge, mpya, siyo iliyoshona mapazia ya mwaka jana. Uzi ukijikusanya chini kama manyoya, usikimbilie kugusa bobini. Mara nyingi ni uzi wa juu haukuingia vizuri. Inua mguu wa cherehani, ule unaokandamiza kitambaa chini ya sindano, tunga upya kuanzia mwanzo, kisha ushushe. Na hizo za miguu, gurudumu likirudi nyuma tu uzi unakatika, kwa hiyo anza kwa kulisukuma kwa mkono kuelekea kwako ndipo ukanyage. Mafuta ni ya cherehani tu. Ya kupikia yanaganda ndani.

Binti Kibosho

Mkuu hilo la gurudumu limenitesa sana, nilijua uzi ni mbovu.

Leo nimechora kwenye magazeti. Kiti kimetoa inchi 11, nikaongeza 1 na nusu, 12 na nusu kama fundi alivyosema. Mkunjo wa nyuma ukiulaza juu ya wa mbele ni tofauti kabisa, sasa naelewa. Mpira nimenunua wa upana wa inchi 1. Niukate urefu gani?

Bi Mvita

Usitazame rula, tazama tumbo. Anza na kiuno ukitoe inchi 2, kwa hiyo 34, umzungushie mumeo akae nao akila. Ukimbana, legeza. Kuna mpira mgumu na mpira laini, hesabu moja haifai kwa yote.

Juu kunja nusu inchi, kisha kunja inchi 1 na nusu, ushone pembeni kabisa mwa mkunjo, uache tundu la inchi 2 nyuma. Mpira ufunge kwenye pini ya nepi, uupitishe. Ncha ya pili ibane na pini nyingine hapo kwenye tundu isije ikakimbilia ndani. Zikikutana zipandishe moja juu ya nyingine inchi 1, uzishone mraba, ndipo uzibe tundu. Kisha shona mstari wa wima juu ya mpira kwenye kila ubavu, uukamate usijiviringe ndani ukifuliwa.

Mama Wawili Tanga

Pindo la miguu liwe la mwisho kabisa, avae kwanza. Wengine wanavaa mpira juu ya kitovu, wengine chini yake, urefu unabadilika.

Binti Kibosho

Nimekata jamani! Tausi wote wanatazama juu. Kesho naunga. Amesikia tu habari ya suruali, ameshaanza kuulizia mfuko wa simu. Mfuko nauweka lini, mwisho?

Fundi wa Makoroboi

Ukiuacha mwisho utashona mguu mzima pamoja na mfuko. Weka sasa, kipande cha nyuma kikiwa bado kimelala mezani. Tumia zile inchi 12 zilizobaki, kata 7 kwa 8, juu kunja inchi 1, pande nyingine nusu nusu, piga pasi kabla ya kubandika. Kaa inchi 4 chini ya mstari wa mpira na inchi 2 kutoka ubavuni, pembe za juu rudisha mshono mara tatu maana simu za siku hizi ni nzito. Na angalia tausi wa mfuko asiwe kichwa chini.