Skripti ya kimyakimya, nani ataichukua?

Wakuu, nimeandika skripti ya mama na binti yake wanafunga duka lao, hakuna bunduki wala mchawi, watu wanaongea kidogo tu, sasa kila prodyuza ananiambia haina stori, nifanyeje?

> Kimya sio shida mkuu. Binti anataka nini? Mama anaficha nini?

> Kacheki Past Lives ya Celine Song, 2023, filamu yake ya kwanza, wahusika wakuu watatu basi na ikateuliwa Oscar ya skripti na ya filamu bora. Ila alikuwa ashaandika tamthilia za jukwaani kitambo, sio mgeni yule.

> Lokesheni moja = bajeti ndogo, waambie hivyo watakusikiliza 😂

> Binti anataka kuondoka, mama anajua ila hasemi.

> Sasa si ndo stori hiyo!