Nchi ipi ilitangulia kufuta adhabu ya kifo? Mbona miaka haifanani?

Mdodosi
Wakuu, naomba kueleweshwa. Orodha moja inasema Toscana 1786, nyingine Venezuela 1863, nyingine Ureno 1867. Uingereza peke yake nimeikuta na 1964, 1965, 1969 na 1998. Nani anapotosha? Na nchi ikishafuta, inaweza kuirudisha?

Karani wa Zamu
Hakuna anayepotosha, mkuu. Kila orodha inahesabu kitu chake: mtu wa mwisho kunyongwa, kufutwa kwa makosa ya kawaida kama mauaji, au kufutwa kwa makosa yote pamoja na uhaini na ya kijeshi.

Toscana ilikuwa dola ndogo kabla Italia haijaungana. Mtawala wake Leopold, aliyeathiriwa na hoja za mwanafikra wa Italia Beccaria za 1764, aliifuta tarehe 30 Novemba 1786. Mwaka 1790 ikarudi kwa wachochezi wa ghasia. Kutangulia ilitangulia, kudumu haikudumu. Venezuela iliifuta kwa makosa yote 1863 na haijarudi nyuma, kwa hiyo mimi naipa nafasi ya kwanza. Ureno ya 1867 iliacha makosa ya kijeshi. Ukamilifu ulikuja na katiba ya 1976.

Uingereza ndiyo inayochanganya wengi. Tarehe 13 Agosti 1964 watu wawili walinyongwa, mmoja Liverpool, mwingine Manchester, na hao ndio wa mwisho. Sheria ya 1965 ilisitisha adhabu hiyo kwa mauaji kwa miaka 5 tu. Bunge likaifanya ya kudumu Desemba 1969. Ireland ya Kaskazini ikafuata 1973. Kwa uhaini na uharamia adhabu ya kifo ilibaki vitabuni hadi 1998. Ndiyo maana mtambo wa kunyongea wa gereza la Wandsworth uliendelea kutunzwa na kujaribiwa kila miezi 6 hadi mwanzoni mwa miaka ya 1990, ingawa hapakuwa na wa kunyongwa.

Fundi Katiba
Swali la kurudisha: ndiyo, inawezekana, na mara nyingi mlango unakuwa umeachwa wazi ndani ya maandishi yenyewe. Katiba ya Ufilipino ya 1987 ilipiga marufuku, kisha ikaongeza kwamba Bunge laweza kuirudisha kukiwa na sababu nzito zinazohusu makosa ya kinyama. Bunge likafanya hivyo 1993. Ikafutwa tena 2006, na mwaka uliofuata nchi ikaridhia Itifaki ya Pili ya mkataba wa Umoja wa Mataifa wa haki za kiraia na kisiasa, inayozitaka nchi kufuta adhabu ya kifo. Itifaki hiyo ya 1989 haina kifungu cha kujitoa. Nchi inaweza kujibakizia makosa mazito ya kijeshi wakati wa vita tu, na lazima iseme hivyo wakati wa kuridhia au kujiunga, baadaye haisikilizwi.

Mtego mwingine ni hukumu ya mahakama. Marekani 1972, kwa majaji 5 dhidi ya 4, Mahakama ya Juu ilikataa namna adhabu ilivyokuwa ikitolewa. Adhabu yenyewe haikuiua. Majimbo yakaandika sheria mpya, mahakama ikazikubali baadhi 1976, na Januari 1977 mfungwa aliyehukumiwa kifo akauawa kwa risasi Utah.

Mdodosi
Kwa hiyo mahakama haiaminiki, afadhali Bunge?

Karani wa Zamu
Si hivyo. Afrika Kusini ilifutiwa na Mahakama ya Katiba tarehe 6 Juni 1995, majaji wote 11 kwa kauli moja, na imesimama. Ila tazama mabaki: uhaini wakati wa vita haukuguswa, ukaja kuondolewa na sheria ya 1997. Na waliokuwa wakisubiri kitanzi hawakuweza kunyongwa wala hawakuwa na kifungo kingine. Ilibidi kila mmoja apangiwe adhabu mpya, kazi iliyokuwa haijaisha hata miaka 10 baadaye. Anayeandika muswada leo aweke kifungu kinachozigeuza hukumu zilizopo siku ileile sheria inapoanza.

Fundi Katiba
Ukitaka mfano wa maandishi safi, soma sheria ya Ufaransa ya 9 Oktoba 1981 iliyoletwa na waziri wa sheria Badinter. Kifungu cha kwanza hakina "isipokuwa": adhabu ya kifo imefutwa. Basi. Jeshi limo humohumo. Mwaka 2007 wakaipeleka kwenye katiba. Linganisha na Brazil ya 1988, ambayo katiba yake inakataza lakini inaacha vita iliyotangazwa. Kwenye orodha ya makosa ya kawaida Brazil utaikuta, kwenye ya makosa yote huikuti.

Mdodosi
Nimeelewa. Nitaongeza safu mbili kwenye jedwali langu.