Mwandishi wa vichekesho hutafuta nini katika utayarishaji?

Chipukizi: Ndugu wanajukwaa, nimekuwa nikifuatilia kazi ya Norman Lear, mwandishi na mtayarishaji wa vipindi vya televisheni wa Marekani, aliyezaliwa mwaka 1922 na kufariki 2023. Katika miaka ya 1950 alikuwa tayari na jina, akiwaandikia vichekesho wachekeshaji Dean Martin na Jerry Lewis. Kwa nini basi mtu wa aina hiyo ajitwishe utayarishaji, pamoja na bajeti, usaili wa waigizaji na ugomvi na wakubwa wa vituo?

Karani Mstaafu: Kwa sababu mwandishi wa kuajiriwa hana kauli pindi mswada unapotoka mikononi mwake. Kituo cha televisheni cha ABC kiligharimia vipindi viwili vya majaribio vya tamthilia ya Lear iliyokuja kuitwa All in the Family, na vyote viwili kikavikataa. Kituo kingine, CBS, kilipokubali kuirusha, kuanzia Januari 12, 1971, wakubwa wake walitaka kauli moja ifutwe: Archie Bunker, mhusika mkuu, anarudi mapema kutoka kanisani, anamfumania binti yake na mumewe katika mahaba, naye anang'aka kwamba ni saa tano asubuhi, tena Jumapili! Hakuna tusi hata moja hapo. Lear aliwaambia kauli hiyo ikiondoka naye anaondoka, na ikabaki. Mwandishi wa kawaida angeifuta na kwenda zake. Faida nyingine ni kwamba mtayarishaji huweza kumwinua mhusika wa pembeni hadi akapata tamthilia yake: binamu wa mke wa Archie akazaa Maude mwaka 1972, na majirani wakazaa The Jeffersons, iliyodumu kuanzia 1975 hadi 1985.

Mpenda Jukwaa: Nakubaliana nawe, Mzee Karani, ila mamlaka hayo yana wanaoumia. Katika Good Times, tamthilia nyingine ya Lear iliyoanza 1974, Esther Rolle, aliyeigiza mama, ndiye aliyeshikilia kwamba familia ile ya Weusi iwe na baba nyumbani. John Amos, aliyeigiza baba huyo, akawa analalamika kwamba waandishi, wengi wao Wazungu, hawakuyajua maisha ya familia kama hiyo, na kwamba masihara ya J.J., kijana wa familia hiyo, yalikuwa yakimeza kila kitu. Mwaka 1976 aliondolewa, na mhusika wake akauawa katika ajali ya gari. Baadaye Rolle naye alijitoa, akarejea kwa msimu wa mwisho tu, baada ya kudai miswada bora na J.J. mwenye heshima zaidi.