Meli ya fiodi kutoka Bergen, nikiwa peke yangu

Nakato_Ntinda: Jamani, mwezi wa sita nataka kupanda meli Bergen nizione fiodi za Norwei, zile ghuba nyembamba za bahari katikati ya milima, hasa ya Geiranger. Nasafiri peke yangu. Je, siku mbili za mjini kabla ya safari zinatosha? Na chumba cha mtu mmoja hulipiwaje?

MusaJinja: Zinatosha, dada. Tembea Bryggen, zile nyumba za mbao za wafanyabiashara wa kale pale bandarini, kisha panda Fløibanen, treni ndogo ya kupanda mlima, hadi mita 320 uone mji wote. Nenda jioni! Mwezi huo jua huzama karibu saa tano usiku, nao watalii wengi wamesharudi melini. Beba koti la mvua. Bergen hunyesha kuliko Entebbe.

Auntie_Mbarara: Mwanangu, anza na viza ya Schengen, ile ya pamoja ya nchi nyingi za Ulaya, na bima ya matibabu isiyopungua euro 30,000. Kuhusu chumba, meli nyingi hupanga bei kwa watu wawili, hivyo aliye peke yake huongezewa, pengine hadi karibu mara mbili. Si haki, lakini uliza mapema; vyumba vya mmoja vipo, ila vichache. Na usifike siku ileile ya meli. Ndege ikichelewa, meli haikungoji.

Nakato_Ntinda: Asanteni sana. Naanza na viza wiki hii.