Hamisi, Otieno, Kofi: jina linatosha kukadiria siku ya kuzaliwa?

Mpanga_Nasaba
Habari zenu wakuu. Napanga nasaba ya ukoo wenye matawi Tanga na Kisumu, na tawi moja la wakwe wa Kumasi, Ghana. Wazee wengi hawana cheti cha kuzaliwa, kilichobaki ni majina: kina Juma, Hamisi, Mwanaidi, Otieno, Akeyo, Kofi, Abena. Najua yanahusu siku, saa au msimu. Ninachotaka kujua ni hiki: nikikuta "Hamisi, takriban 1940", naweza kuandika kwamba alizaliwa Alhamisi? Na mtego uko wapi?

Mwambao_K
Nianze na Tanga. Mtego wa kwanza ni mahali siku inapoanzia. Kwa hesabu ya Kiislamu siku mpya huingia jua likizama, ndiyo maana wazee husema "usiku wa Ijumaa" wakimaanisha usiku ambao kalenda ya ukutani inauita Alhamisi. Mtoto aliyezaliwa Alhamisi saa mbili usiku ni Juma, si Hamisi. Kwa hiyo kila jina la siku liandikie tarehe mbili: Juma ni tangu Alhamisi magharibi hadi Ijumaa magharibi, Hamisi ni tangu Jumatano magharibi hadi Alhamisi magharibi. Wa kike ni Mwajuma au Mwanajuma, na Mwanahamisi. Zanzibar utakuta Khamis.

Mtego wa pili ni mnyororo wa majina, na huu ndio unaoharibu nasaba nyingi ninazoletewa. "Juma Hamisi Shaabani" ni watu watatu: yeye, baba, babu. Jina la kwanza tu ndilo linalomhusu mwenyewe. Mtu akijaza fomu ya ughaibuni, Shaabani inageuka jina la familia, na kizazi kinachofuata unaona Shaabani wanne ambao hakuna hata mmoja aliyezaliwa mwezi wa Shaabani.

Pili na Tatu usiziguse bila kuuliza. Tatu anaweza kuwa mtoto wa tatu au mtoto wa Jumatatu. Linganisha na orodha ya ndugu zake kwanza.

Majina ya miezi (Rajabu, Shaabani, Ramadhani) yanafaa ukiwa na mwaka. Mwaka wa mwezi mwandamo una siku 354 au 355, kwa hiyo kila mwaka Ramadhani hurudi nyuma takriban siku 11 kwenye kalenda ya kawaida. Ile ya 1990 ilianza mwishoni mwa Machi, ya 2000 ikaanza mwishoni mwa Novemba. Tumia kigeuzi cha tarehe za Hijria, kisha acha nafasi ya siku moja mbele na moja nyuma, kwa sababu mwezi ulitazamwa kwa macho na kila mji ulifunga kwa mwandamo wake.

Na hata baada ya yote hayo, uliza: alirithi jina la babu? Kama ndiyo, siku hiyo ni ya babu.

Nam_Lolwe
Upande wa Kisumu. Kijaluo hakitumii siku ya wiki, kinatumia saa, hali ya hewa na jinsi mtoto alivyotoka. O- ni mwanamume, A- ni mwanamke:

Omondi/Amondi alfajiri, Okinyi/Akinyi asubuhi, Onyango/Anyango jua likishapanda, kabla ya adhuhuri, Ochieng'/Achieng' jua la utosini, Odhiambo/Adhiambo jioni, Otieno/Atieno usiku, Owuor/Awuor usiku wa manane.

Usizigeuze dakika. Hakuna mstari kati ya Onyango na Ochieng', ni jicho la mkunga. Na kama ushahidi ni wa mdomo, angalia nani aliandika: "saa nne" ya Kiswahili ikiingizwa kwenye fomu kama 04:00, mtoto wa saa nne asubuhi anakuwa wa usiku, halafu mtu anashangaa kwa nini anaitwa Onyango.

Wa msimu: Okoth/Akoth ni mvua, Odoyo ni palizi, Okeyo/Akeyo ni mavuno. Akeyo wako usimwandikie mwezi mmoja. Mazao ya masika hupandwa Machi na Aprili na kuvunwa Julai na Agosti, lakini kuna mavuno ya vuli pia, kuanzia Desemba. Andika madirisha yote mawili. Owino (kitovu kilimzunguka) na Ouma (alitoka kifudifudi) hayakwambii chochote kuhusu wakati.

Kuhusu kurithi: jina la marehemu wa ukoo hupewa mtoto bila kujali saa. Otieno wa saa sita mchana wapo tele. Nikiona majina mawili ya Kijaluo kabla ya jina la baba, mfano Otieno Okeyo, huwa nashuku moja ni la kuzaliwa na jingine la mtu, na hapo ni lazima ukaulize nyumbani.

Kipimo cha haraka: mwanamke mwenye jina la O- mwishoni, "Mary Atieno Ochieng'", Ochieng' huyo kwa kawaida ni baba au mume. Usimhesabu Mary kama mtoto wa mchana.

Halafu ile alama ya ng'. Kwenye mistari ya pasipoti inayosomwa na mashine alama hiyo huondolewa, kwa hiyo utakuta OCHIENG. Ukitafuta kwenye hifadhidata jaribu tahajia zote mbili.

Kwadwo_Dar
Ghana ndiko jina la siku lina nguvu kuliko kote mlikotaja, kwa sababu kwa Waakan (Waasante wa Kumasi na Wafante ni sehemu yao) si hiari: kila mtoto hupata jina la siku yake (kradin), hata kama halitaandikwa shuleni.

Jumatatu Kwadwo/Adwoa, Jumanne Kwabena/Abena, Jumatano Kwaku/Akua, Alhamisi Yaw/Yaa, Ijumaa Kofi/Afua, Jumamosi Kwame/Ama, Jumapili Kwasi/Akosua. Hayo ni ya Kiasante, yatawafaa wakwe zako wa Kumasi. Kwa Wafante wa pwani mtoto wa kike wa Jumanne ni Araba, wa Jumapili ni Esi. Ukikuta Esi kwenye familia ya Kumasi, uliza mama yake alitoka wapi.

Jina la pili mara nyingi ni nafasi ya kuzaliwa: Mensah wa tatu, Anane wa nne, Nkrumah wa tisa, Atta pacha. Kofi Atta Annan, aliyekuwa Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa, alizaliwa Kumasi tarehe 8 Aprili 1938, naye alikuwa pacha. Kofi na Atta zote ni rekodi.

Njia ya kuhakiki tarehe yoyote ya miaka ya 1900 bila kompyuta: chukua tarakimu mbili za mwisho za mwaka, ongeza robo yake (tupa mabaki), ongeza tarehe, ongeza namba ya mwezi, gawa kwa 7 na utazame kinachobaki. Namba za miezi tangu Januari: 1, 4, 4, 0, 2, 5, 0, 3, 6, 1, 4, 6. Kikibaki 0 ni Jumamosi, 1 Jumapili, na kuendelea hadi 6, Ijumaa. Kwa Januari na Februari za mwaka mrefu (wenye siku 366) punguza 1 (mwaka 1900 haukuwa mrefu).

Annan: 38 + 9 + 8 + 0 = 55, kinabaki 6. Ijumaa. Kofi kweli.

Sasa Kwame Nkrumah. Padri aliyembatiza aliandika 21 Septemba 1909: 9 + 2 + 21 + 6 = 38, kinabaki 3, Jumanne. Angekuwa Kwabena. Mwenyewe alikadiria kwamba alizaliwa Jumamosi ya tarehe 18, na 9 + 2 + 18 + 6 = 35 inagawanyika kwa 7 bila kubaki kitu. Hapo jina lina uzito kuliko karatasi.

Mpanga_Nasaba
Nimeelewa vizuri. Mwanaidi wangu amekadiriwa 1952. Na kuna mapacha Opiyo na Odongo, tawi lao moja lilihamia Lira, Uganda.

Mwambao_K
Mwanaidi: Idi ni mbili. Mwaka 1952 Idi ya Mfungo Mosi (baada ya Ramadhani) iliangukia mwishoni mwa Juni, na ya Mfungo Tatu (ya kuchinja) mwishoni mwa Agosti. Andika zote mbili mpaka mtu akumbuke kama kulikuwa na kuchinja.

Nam_Lolwe
Angalia hao wa Lira. Kwa Wajaluo wa Kenya Opiyo hutangulia, Odongo hufuata, na mtoto baada ya mapacha ni Okelo. Kwa Walango na Waacholi mapacha ni Opio na Ocen, anayefuata ni Okello, na Odongo huja baada ya Okello. Kwa hiyo Odongo aliyezaliwa Lira si lazima awe pacha. Tafuta kwanza kama hapo juu yake kuna Ocen.